Jua Alilolifunga Mageni

Mama mkwe wangu, Mageni, alikuwa akifunga jua. Anayetaka kucheka acheke sasa amalize, maana huko mbele sitaki kelele.

Kwetu msafiri aliyechelewa hufunga fundo la nyasi kando ya njia, jua lisimzamie kabla hajafika. Wengi hufunga kwa mazoea tu. Mageni akifunga, jua lilisimama. Mwaka 1964, hapa Kharumwa, alilishikilia mpaka wanawake waliotoka mashamba ya mbali wakafikisha pamba yao kwenye ghala la ushirika. Kisha akarudi njiani, akalifungua fundo kwa mkono wake, na giza likaanguka kwa mkupuo, kuku wakagongana mlangoni mwa banda. Saa aliyoiazima aliirudisha, kila mara. Mfanyabiashara mmoja alipomwomba amrudishie ujana, alimwambia akaoge kwanza.

Mimi niliolewa na mwanawe wa pekee, Ignas, mwaka 1970. Tukamzaa Zipora. Baadaye ukame ukala pamba yetu, Ignas akaenda kuchimba dhahabu upande wa Bulyanhulu. Mwaka 1977 duara likamwangukia. Duara ni shimo la wachimbaji, jembamba kama kisima, na magogo yaliyoshikilia kuta zake yalikuwa yameoza kwa mvua.

Tulifika mimi na Mageni saa kumi jioni. Wachimbaji walikuwa wamekaa chini.

"Poleni, mama zangu," mmoja wao alisema bila kututazama. "Hewa iliyomo mle ni ya dakika chache. Na kumfikia ni kazi ya kutwa."

Mageni hakulia. Alikwenda kando ya njia, akashika nyasi tatu, akazitemea mate, akalitaja jina la mwanawe, akafunga. Kisha akanishika bega akanipigisha magoti pale pale.

"Eufrasia, linda hili. Nitalifungua mwenyewe, akishatoka na kupumua. Usiondoke hata wakikuita."

"Sawa, mayu," nikamjibu, ndivyo Wasukuma tunavyomwita mama.

Walichimba kutwa nzima, na vivuli vyetu havikusogea hata kidole. Magoti yalinifa ganzi. Halafu nikasikia, "Yuko hai!" na Ignas akikohoa.

Niliondoka. Nilikimbia nikamkumbatia, udongo umemjaa mpaka kwenye kope. Nilipogeuka, kundi la ng'ombe lililochoka kungoja jioni lilikuwa likijirudia nyumbani, na jike mmoja mweupe alikuwa akitafuna pale nilipokuwa nimepiga magoti.

Mageni alipapasa mashina yaliyobaki, akapapasa tena. Jua likaendelea na safari yake kama siku zote. Mimi akanivuta pembeni.

"Saa ya mwanangu haikufunguliwa," alisema. "Sasa naishikilia mimi. Nikiwa hai, haitamfika. Siku nikifa, itamfika."

Hakunikaripia, na hilo liliniuma kuliko kofi. Wala hakumwambia mtu mwingine.

Toka siku hiyo Ignas hakuzeeka. Jeraha alilotoka nalo shimoni, pale kwenye paji la uso, halikupona. Kila siku saa kumi jioni lilitoa damu mbichi, na yeye alikohoa udongo kwenye kitambaa, kisha akaendelea na kazi zake. Mimi ndiye niliyefua vitambaa vile.

Basi nikamtunza Mageni. Nilimwogesha, nilimlisha uji wa mtama kijiko kwa kijiko, sikumruhusu hata kwenda kisimani. Kanisani walinisifu: mkwe gani kama Eufrasia! Hawakujua kuwa niliyekuwa namtunza ni mume wangu. Mwaka 1983 mifupa ya Mageni ikaanza kumla kwa maumivu, akaniomba, "Niache nilale, mwanangu." Nilimpanua mdomo kwa vidole nikamlisha. Nilifanya hivyo miaka miwili. Nasema wazi, nilimtesa yule mama, na niliogopa sana.

Siku moja ya mwaka 1985 Ignas aliingia akanikuta nimembana pua mama yake ili ameze. Akaninyang'anya bakuli.

"Unamfanya nini mama yangu?"

Nikamweleza: fundo, ng'ombe, saa yake inayoshikiliwa na mgonjwa huyu. Sehemu yangu mimi nikaimeza.

Ignas akaketi kitandani, akamfuta mama yake uji kidevuni. Mageni alikuwa amesikia yote. Akatikisa kichwa kumkataza, machozi yakimtoka.

"Lala, mayu," Ignas alisema. "Zipora nimemwona akikua, yuko darasa la saba. Inanitosha."

Nilipiga kelele nikataka kumnyang'anya lile bakuli. Akaliweka juu ya kabati nisikoweza kulifikia. Mageni akafumba macho, na pumzi zake zikaanza kuachana. Kivuli cha mlango kilikuwa kinakaribia mahali pake pa saa kumi. Ignas alinivuta nikae karibu naye.

"Mama Zipora, siku ile nilipotolewa, nani aliachiwa lile fundo alilinde?"

Sikuweza kumtazama. "Mimi."

"Ulikwenda wapi?"

"Nilikuwa nakukimbilia wewe."

Ignas akanishika mkono. "Nakumbuka," alisema. "Sikuwa naona kitu bado, nikasikia mikono yako." Akaanza kukohoa.