Jino la Kupimia Dengu

Sokoni walimwita Gego. Hata mkewe alipomfuata ghalani alimuulizia kwa jina hilo, maana angetaja lile alilopewa na wazazi wake, wachukuzi wangemkodolea macho tu. Kazi yake ilikuwa kung'ata. Gunia la dengu likifikishwa kwenye mizani, mchukuzi alilitoboa kwa bambo, kile chuma chenye mfereji kinachochota punje za katikati bila gunia kufunguliwa, akammiminia Gego punje chache kiganjani. Gego alichagua moja, akaitia chini ya gego la kulia, akafumba macho, akabana. Punje iliyokauka ililia ta! ikapasuka. Yenye ubichi ilibonyea kimya. Hapo ndipo aliposema "Kavu!" au "Rudisha juani!" na mkulima akaipokea hukumu yake bila kunung'unika, au akanung'unika akishafika nje ya geti.

Maana ubichi ndio adui wa dengu. Ukizifunga mbichi kwenye gunia zinajipasha moto zenyewe, zinashikana mabonge, zinaota ukungu, na zikifika hapo hakuna wa kuzinunua, hata mfuga kuku.

Tajiri mwenye ghala aliwahi kuleta mashine ya kupima unyevu, kisanduku chenye kioo na namba. Gego aliicheka mpaka machozi yakamtoka. "Mashine haina mate," akasema, "sasa itajuaje punje?" Wakulima wakacheka naye, wakakataa kata kata kupimiwa na kisanduku. Tajiri hakuwa mtu wa kugombana na wateja, akairudisha mashine kwenye boksi lake na kuliweka juu ya kabati. Gego alitembea wiki nzima kifua mbele. Na tuseme kweli, alipenda kuogopwa. Mtu hana shamba, hana gari, shule aliiaga mapema, lakini jino lake ndilo linaloamua gunia la nani liingie na la nani lirudi. Sifa za namna hiyo zinalevya kuliko pombe, na mlevi wa sifa hana wa kumshika mkono ampeleke nyumbani.

Kisha gego lenyewe likaanza kuuma. Alisukutua kwa maji ya chumvi, akabana karafuu, shavu likavimba mpaka jicho moja likawa dogo, na mwishowe akaenda kituo cha afya, likang'olewa. Upande wa kushoto hakuwa na kitu siku nyingi. Yaliyobaki ni ya mbele, nayo yalikuwa yakicheza kwenye ufizi.

"Sasa utang'atia nini?" mkewe alimuuliza.

"Ya mbele yapo."

"Ya mbele yanashindwa na mkate, baba. Mwambie tajiri."

"Wewe pika. Ya ghalani niachie mwenyewe."

Mkewe akapika. Tangu siku hiyo dengu za nyumba ile zilichemshwa mpaka zikalainika kabisa, zikapondwa kwa mwiko, na Gego akazila akiwa ameupa mlango mgongo, asije jirani akamwona anavyotafuna kwa ufizi. Ghalani aliendelea kama zamani. Aliitia punje mdomoni, akafumba macho, akaizungusha kwa ulimi, kisha akasema lolote ambalo hali ya hewa ya siku zile ilimshauri. Msimu ule jua lilikuwa kali, kila gunia lililoletwa lilikuwa kavu, kwa hiyo akisema kavu inakuwa kweli. Bahati ikimbeba mtu hujiona anatembea kwa miguu yake.

Mavuno yaliyofuata yalikuja na mawingu. Mvua haikunyesha ya kutisha, ilikuwa manyunyu tu, lakini jua lilichungulia na kujificha, na dengu zilikaa kwenye maturubai siku nyingi bila kuelewa kama zinaanikwa au zinaogeshwa. Wakati huohuo redio ikatangaza kwamba nchi ya ng'ambo inayolima dengu nyingi kuliko zote, ile ambayo kila mwaka meli zake zinajaza maghala yetu na kuiangusha bei, imepigwa na ukame. Mjini nyama ilikuwa imepanda, na watu walikuwa wamegeukia dengu. Shuleni dengu, hospitalini dengu, kwenye kambi za wajenzi dengu mchana na jioni. Basi kila mtu akawa mtaalamu wa meli. Kinyozi alikunyoa huku anakueleza bei itafika wapi. Mwenye akili hakuuza, alifunga magunia yake na kusubiri. Subira yavuta heri, walisema, na hakuna aliyemuuliza aliyekwisha kuvuta akapata kamba tupu.

Katika hao waliosubiri alikuwemo mdogo wake Gego, dada yake wa tumbo moja. Huyu alikuwa akilima shamba la kukodi tangu alipoolewa. Sasa mwenye shamba alikuwa ameamua kuliuza, na kwa kuwa alimheshimu mama huyu, alimpa nafasi ya kwanza mpaka mvua za kupandia zianze. Akiuza dengu zake wakati wa mavuno, hela haifiki hata nusu ya njia. Akizitunza mpaka bei ipande, shamba linakuwa lake. Hakuna jingine alilolitaka duniani kwa nguvu hivyo. Alikwisha kuchagua hata pa kupanda miti ya mpaka.

Alinunua magunia yale yenye mfuko wa nailoni ndani. Ukiyafunga kwa kamba hewa haiingii, na wadudu wanakufa humohumo. Sharti lake ni moja: ukishafunga, hufungui mpaka siku ya kuuza. Kwa hiyo dengu lazima ziwe zimekauka kabisa kabla fundo halijakazwa, na hapo ndipo alipotuma kaka yake aitwe.

Mumewe alikuwa seremala, mtu wa maneno machache na mikono mikubwa. Alipiga magoti kwenye turubai, akazamisha mkono mpaka kwenye kiwiko.

"Shemeji, mimi mkono wangu unaniambia bado zina ubichi," akasema. "Tuzipe siku chache nyingine."

Mkewe akacheka, na majirani waliokuja kutazama wakacheka naye. "Mkono wako unajua mbao, mume wangu. Muache mwenye kazi yake. Kaka, ng'ata."

Gego aliokota punje. Aliiweka kati ya meno ya mbele, jino likayumba, maumivu yakampanda mpaka sikioni, akaiachia iangukie kwenye ulimi. Akafumba macho. Alisikia upepo, akasikia kuku wa jirani, na ta! ile hakuisikia. Angeweza kusema hajui. Neno lenyewe ni fupi. Lakini macho ya watu wote yalikuwa mdomoni mwake, na mdogo wake alikuwa ameshika kamba tayari, anamtazama kama alivyokuwa akimtazama utotoni alipomvusha mto mgongoni.

"Kavu," akasema.

Seremala akajipangusa mkono kwenye suruali. Hakubisha. Yeye ndiye aliyefunga magunia yote, kwa fundo lake lilelile analofungia mbao kwenye mkokoteni, fundo ambalo mtu mwingine hawezi kulifungua akalirudishia lilivyokuwa.

Baada ya wiki kadhaa Gego alipita kuwasalimia. Mdogo wake alimpeleka chumba cha nyuma akayatazame magunia, kwa furaha ile ya mtu anayekuonyesha mtoto mchanga. Gego akaweka kiganja juu ya gunia moja. Lilikuwa na joto. Akagusa la pili, akagusa la chini kabisa lisilofikiwa na joto la bati wala jua. Yote yalikuwa na joto, kama paji la mgonjwa.

Siku ile mambo yalikuwa bado yanatengenezeka. Angesema, wangefungua, wangemwaga juani, wangepoteza sehemu wakaokoa sehemu. Usipoziba ufa utajenga ukuta, na huyu ufa aliushika kwa kiganja chake mwenyewe. Alikiacha kiganja palepale juu ya gunia.

"Vipi, kaka?" mdogo wake akauliza.

"Yamepangwa vizuri," Gego akasema, akaomba maji ya kunywa.

Nyumbani alimwambia mkewe kwamba ni joto la chumba. Mkewe aliendelea kuponda dengu kwa mwiko, kwa nguvu kuliko ilivyohitajika, kisha akasema, "Mwambie mdogo wako." Gego akasema atamwambia. Aliyasema hayo mara nyingi mwezi ule, na kila mara alikuwa amedhamiria kweli.

Bei ikapanda. Ikapanda kama kinyozi alivyosema, ikapita hapo. Walioweka walianza kufungua magunia, mitaani pakasikika vicheko na pikipiki mpya. Mdogo wake Gego akamwita tajiri aje na gari, na tajiri akaja na wachukuzi, na Gego, na bambo.

Chuma kilipozama kwenye gunia la kwanza kiligoma njiani. Mchukuzi akasukuma. Kilipotoka hakikumwaga punje, kilitoka na bonge la kijivu, na harufu ya uvundo ikajaa chumba. Wakatoboa la pili. Wakatoboa la tatu, kisha tajiri akainua mkono waache.

"Zilifungwa mbichi hizi," akasema, kwa sauti ya chini ya mtu aliye msibani. Akamgeukia Gego. "Si ulizipima wewe?"

"Nilizipima," Gego akasema. "Zilikuwa kavu."

Basi mdogo wake akamgeukia mumewe. Kama kaka alizing'ata zikawa kavu, na sasa zimeoza, basi kuna mkono uliofungua. Na ni mkono gani uliokuwa ukisema tangu mwanzo kwamba zina ubichi?

"Ulifungua! Ulitaka unionyeshe kwamba ulisema kweli. Ukafungua, ukaingiza unyevu wa mvua, ukafunga tena!"

"Mama, sikufungua," seremala akasema. "Njoo utazame mafundo."

"Mafundo si umefunga wewe? Mwongo!"

Seremala alimtazama shemeji yake. Alimtazama muda mrefu, na Gego akainama kuokota bambo lililoanguka.

Shamba lilinunuliwa na mtu mwingine kabla mvua hazijaanza. Muda si mrefu meli zikatia nanga, si moja wala mbili. Ukame ulikuwepo kweli, lakini kumbe nchi nyingine, ambayo redio haikuitaja, ilikuwa imevuna mpaka ikakosa pa kuweka. Bei ikaporomoka. Dengu za meli zilikuja zimekobolewa, nyekundu, zinang'aa, kwenye mifuko yenye maandishi yanayosema unyevu wake ni kiasi gani, na hakuna aliyetaka zing'atwe. Tajiri alishusha mashine yake kutoka juu ya kabati kwa ajili ya wakulima wachache waliobaki. Gego akapewa ufagio. Kile alichokilinda kwa uongo ule kiliondoka chenyewe, bila hata kuaga.

Seremala alikaa nyumbani kwake kwa muda akiitwa mwongo asubuhi na jioni, hata majirani wakawa wanatupa maneno akipita. Siku moja alifunga randa na misumeno yake kwenye mkokoteni, kwa fundo lile lile, akaenda. Wengine walisema kavuka mpaka, wengine walisema yuko machimboni. Hakuna aliyejua. Mkewe akapanga chumba karibu na soko, akapata kazi palepale ghalani, ya kufunga dengu za meli kwenye vifuko vidogo vya dukani. Kaka mtu alifagia punje zilizomponyoka mdogo wake, na walisalimiana vizuri.

Adhuhuri moja mdogo wake Gego alipewa na msimamizi dengu za kwenye mfuko uliopasuka. Akaona awapelekee kidogo kaka na wifi yake. Wifi alikuwa ameenda kuchota maji. Mlango ulikuwa wazi, na Gego alikuwa ameupa mgongo, sahani magotini, shavu linabonyea na kutoka, linabonyea na kutoka. Hakumsikia akiingia. Mdogo wake alizunguka mbele kumsalimia, akayaona yale matope ya dengu kwenye sahani, akauona mdomo wazi.

Alisimama hivyohivyo na mfuko wake mkononi.

"Kaka, gego liko wapi?"

Gego akafunika mdomo kwa kiganja. Mficha maradhi kifo humuumbua, lakini kifo hakikuwa na haraka na Gego, kilipitia kwanza shamba na ndoa ya mdogo wake.

"Lilitolewa," akasema.

"Lini?"

"Kabla ya dengu zako. Msimu mzima kabla."

Mdogo wake alikaa kwenye kizingiti. Alitazama nje, uani, ambako hakukuwa na kitu cha kutazama.

"Alinionyesha mafundo," akasema. "Mlipoondoka na tajiri, alinishika mkono akanirudisha chumbani, akanionyesha moja moja. Vumbi lilikuwa juu yake halijaguswa. Nililiona kwa macho yangu, kaka. Nikamwambia kaka yangu hawezi kukosea, nikamwita mwongo."

"Nisamehe, mdogo wangu." Gego alikuwa analia, mdomo bado kaufunika.

"Wewe nitakusamehe. Nina kaka gani mwingine? Lakini yule nikamwombe radhi wapi?"

Walikaa, Gego na sahani yake, mdogo wake kwenye kizingiti, mpaka kivuli cha nyumba kikaifikia miguu yake. Kisha mdogo wake akainuka, akajikung'uta, akauweka ule mfuko wa dengu karibu na jiko.

"Wifi akirudi," akasema, "mwambie azichemshe sana."