Maswali Chini ya Kofia ya Pama

Aibu hii nimeibeba miaka mingi, na hata leo nikiisimulia masikio yananiwaka moto, lakini afadhali muisikie kutoka kwangu kuliko kwa majirani zangu wa Biryogo, ambao wakiniona mpaka sasa hupaza sauti, "Mwalimu, vua kofia!"

Vita vilikuwa vimeanza huko mpakani mwa Uganda na Kigali nzima ilikuwa ikitazamana kwa pembe ya jicho. Kiingereza chenyewe, lugha ya waasi waliotoka Uganda, kilitiliwa mashaka: ukikijua sana watu walijiuliza ulijifunzia wapi, na nani anakuandikia. Mimi nilikifundisha Jumapili mchana, kwenye kibaraza cha fundi cherehani, kwa madereva wa malori na wauza mitumba. Walikuwa watu wazima, na mtu mzima wa kwetu haulizi asichokijua mbele ya wenzake, kwa hiyo kila mmoja aliandika swali lake kwenye kikaratasi bila jina, akakitumbukiza katika kopo la maziwa ya unga, nami nikajibu Jumapili iliyofuata. Mtu akisema "how do you do", anasubiri nimweleze hali yangu? Kwa nini vijana wa sinema husema "gonna" na kwenye kamusi haimo? (Maswali mazuri kabisa, hakuna la kijinga hata moja, na niliwaambia hivyo kila wiki.)

Shida ni kwamba kamusi yangu ilikuwa imechanika nusu, na majibu mengi sikuyajua. Aliyeyajua ni Mama Zaina, muuza sambusa, aliyekulia Kampala kabla ya kuolewa mtaani kwetu, siri aliyoninong'oneza huku akiniapisha. Kila Ijumaa nilimpelekea vikaratasi, ananieleza huku akikunja sambusa, na Jumapili nainua kidevu kama mtu aliyesomea ng'ambo.

Ijumaa moja nikamwona mwanamume mwenye koti refu la kijivu amesimama karibu na bomba la maji, kama wiki iliyotangulia, ananikazia macho. (Wanafunzi waliniuliza sana juu ya "see", "look" na "watch". Ni rahisi: la kwanza jicho limekutana na kitu tu, la pili umelielekeza, la tatu umelikalisha hapo lingoje kitakachotokea. Yule bwana alikuwa kwenye la tatu.) Moyo ukaniambia huyu ni mpelelezi, basi badala ya kushika vikaratasi mkononi kama siku zote nikajibanza uchochoroni, nikavisokomeza ndani ya kofia yangu ya pama, nikaivaa, nikatoka nikitembea shingo imekakamaa kama mtu aliyejitwisha yai.

Hatua ishirini mbele, mbele ya meza ya Mama Zaina, nikakutana uso kwa uso na responsabule, yaani mkubwa wa mtaa wetu. Sasa, mimi nimelelewa kwamba mkubwa hasalimiwi na mtu aliyefunika kichwa. Mkono ulikwenda wenyewe. Nikavua kofia, nikainama, na vikaratasi vikanyesha juu ya viatu vyake.

Watu walikuwa wakitoka msikitini. Wote wakasimama.

"Yewe, Mwarimu! Hii makaratasi iko ya nini?" Akaokota kimoja. "Hii si Kiingereza? Nani anakuandikia?"

"Ni maswali ya darasa, mkubwa."

"Maswali inakaa kwa kofia? Ulikuwa unapelekea nani?"

Nikainua macho. Mama Zaina alikuwa ameshika sambusa mbichi hewani, haiendi kwenye mafuta wala hairudi mezani. Neno moja langu, na yeye angelala mahabusu ya komine, serikali ya eneo letu, na labda asirudi.

"Simpelekei mtu," nikasema. "Nakwenda kuvitupa. Majibu siyajui."

"Wewe mwarimu hujui?"

"Sijui, mkubwa."

Akamwita karani wa duka amsomee moja. Likawa lile la "see", "look" na "watch", ambalo ningelieleza hata usingizini, na wanafunzi wangu wanne wamesimama pale wakisubiri nipone.

"Hata hii?"

"Hata hiyo."

Halafu kicheko kimoja kikali kikapasuka, na ni cha Mama Zaina. "Jamani! Mwalimu gani huyu? Na kidevu juu kila Jumapili!" Biryogo nzima ikaangua kicheko, responsabule naye akacheka mpaka akajifuta machozi, akanirudishia kikaratasi. "Nenda, sha. Jifunze kwanza."

Nilipokuwa nikiokota vikaratasi, koti la kijivu likainama kunisaidia. "Mwarimu, mimi ni dereva, iko natoka Gatsata. Ijumaa mbili nataka kukuomba nafasi darasani, naona haya." Akanikabidhi kikaratasi cha mwisho. "Lakini kama hujui, basi acha."

Jumapili darasani walikuja wawili tu.

Siku hizi Kigali yote inasema Kiingereza, na Mama Zaina anakizungumza waziwazi na wateja wake. Wakimwuliza kakitoa wapi hujibu, "Kwa Mwalimu," na wote hucheka. Mimi niliapa siku ile nisimhukumu tena mtu kwa koti lake kabla ya kumsalimia, na kwamba nisichokijua nitakitamka mapema, nikiwa bado nimesimama wima. Wao wananiambia nivue kofia. Kofia yenyewe sijaivaa tangu Ijumaa ile, hata jua liwe kali namna gani.