Mfuasi wa Mabruka Asiye na Picha

Kila Ijumaa, jikoni kwake mjini Kairuani, Tunisia, Mabruka aliegemeza simu kwenye kopo la nyanya akajirekodi akipika kuskusi, zile chenga za ngano zinazoivishwa kwa mvuke. Watazamaji wake wasingejaza hata ukumbi wa harusi, na karibu wote aliwajua: mashoga, mawifi, mke wa muuza mikate. Mmoja tu hakuwa na picha, na jina lake lilikuwa herufi na tarakimu ovyo ovyo. Huyo hakuandika neno, ila kila video ilipotoka alikuwa wa kwanza kuweka moyo. Mabruka aliapa kuwa ni Ulfa, binti yake aliyeolewa Marseille, Ufaransa, bila radhi ya mama, na ambaye tangu wagombane hapokei simu. Wiki nzima aliishi kwa kungoja kale kamoyo.

Dada yake Munjia, mwenye duka la nguo na maneno mengi, aliona aibu kwa niaba yake.

"Dada, utawapikia hawa hawa mpaka lini? Nimekununulia wafuasi. Zawadi yako ya Idi hiyo!"

"Kwani watu wananunuliwa kama vitunguu?"

"Vitunguu ni ghali zaidi. We shukuru tu."

Kulipokucha walikuwa maelfu, hawana sura, majina yao herufi na tarakimu tupu, na mioyo yao iliingia kwa mpigo mmoja. Mabruka alipekua mpaka kidole kikafa ganzi, akimtafuta wa kwake. Hakumtambua. Akalia.

"Basi tuwafute wote wasio na picha," alisema Munjia, sasa amenywea.

"Na mwanangu nimfute? Thubutu!"

Ijumaa ile aliinjika kuskusi kama kawaida, ila kile kitambaa kinachofungwa baina ya chungu na chombo cha matundu juu yake, ili mvuke usitoroke, alikiacha mezani makusudi. Zamani Ulfa ndiye aliyekifunga, na mama akisahau, binti alimkaripia utadhani mama mkwe.

Sifa zikamiminika. Tamu! Hongera! Safi sana! Hao wangemsifu hata angechemsha soksi. Mabruka alizisoma moja moja, chakula kikipoa. Chini kabisa akakuta: "Mama, kitambaa umekiacha wapi tena? Mvuke wote unapotea!"

Aliikumbatia simu kifuani. Alitamani kuandika, "Rudi nyumbani, mwanangu," akaogopa asije akamkimbiza.

Ijumaa iliyofuata, kitambaa alikiacha tena mezani.