Detekta ya monoksidi ya kaboni ilipolia, sisi tukapiga makofi

Wakuu, salamu kutoka Mushaki, huku milimani, ambako ukungu huingia saloni, yaani sebuleni, bila kubisha hodi.

Ninayoyaandika niliyaona kwa macho yangu. Tena Mama anausoma uzi huu begani kwangu, kwa hiyo nafasi ya kuongeza chumvi sina.

Kaka yangu anaishi Ubelgiji. Alitutumia detekta ya monoksidi ya kaboni, kidude cheupe kama kipande cha sabuni, kinacholia hewa ya nyumba ikiingiwa na sumu ya makaa. Sumu hiyo haina harufu wala rangi.

Aliituma kwa sababu dada yetu Neema alikuwa karibu kujifungua. Kaka anaijua desturi ya kwetu: mzazi huwekewa mbabula chumbani, baridi isimguse yeye wala mtoto. (Kwa msio wa huku, mbabula ni jiko la makaa.)

Kaka alisema kwa simu, "Muiweke katika chumba ya Neema."

Papa, baba yetu, akaitika vizuri kabisa. Kisha akaitundika saloni.

"Kitu ya Bulaya inafichwa chumbani?" akaniuliza. "Wageni wataionea wapi?"

Basi ikakaa kati ya msalaba na picha ya harusi. Mama, ambaye hajawahi kuacha chombo cha umeme uchi nyumbani mwake, akaifumia kitambaa cha waridi. Redio ina kitambaa. Televisheni iliyokufa ina kitambaa. Detekta nayo ikavaa.

Nakiri: karatasi ya maelezo nilikuwa nimeisoma yote. Nilijua. Nilinyamaza kwa sababu ilipendeza.

Neema akajifungua mtoto wa kiume. Mbabula ikaingia. Makaa yaliwashwa uani mpaka moshi ukaisha, maana huku tunaamini makaa yasiyo na moshi hayana neno.

Siku ya tano mvua ilinyesha tangu asubuhi. Madirisha yote yamefungwa.

"Mama, kichwa iko inaniuma sana," Neema akasema. "Na mutoto anakataa kunyonya."

"Ni wageni," Mama akamjibu. "Wanaongea mingi."

Mgeni mmoja alikuwa saloni: Papa Kambale, mwenye duka la barabarani, mtu wa Butembo asiyenunua hata tochi kabla ya kuiona ikiwaka. Alikikazia macho kile kitambaa cha waridi.

"Jirani, ile kitu yako iko bubu?"

"Inasema wakati iko na sababu," Papa akamjibu.

"Tangu mwezi mbili? Hata mbuzi yangu ingekuwa imeshasema bonjour."

Papa akasimama. Akaivua detekta kitambaa chake, akaibeba kwa mikono miwili hadi chumbani kwa Neema. Tukamfuata sote: Papa Kambale, Mama, mimi, na mama wawili wa kwaya waliokuja kumwona mtoto. Akaiweka juu ya meza karibu na kitanda.

"Mungoje," akasema.

Tukangoja. Papa Kambale akaangalia saa.

"Iko bubu tu, kama nilisema..."

Filimbi nne kali. Kimya. Filimbi nne tena.

Na sisi, wakuu, tukapiga makofi.

Mama alipiga vigelegele. Papa aliinua mikono kama aliyefunga goli. Papa Kambale akampa mkono: "Nimekubali! Iko na sauti kuliko kwaya!" Mama wa kwaya hawakupenda.

Katikati ya shangwe nikamtazama Neema. Alikuwa anajaribu kukaa, anashindwa. Na mtoto, katika kelele zote zile, hakushtuka. Hakulia.

"Papa! Haiko maonyesho! Iko inatuambia tutoke!" nikapaza sauti.

Nikamnyakua mtoto. Papa akambeba Neema. Mama akasukuma madirisha kwa viwiko mpaka yakafunguka. Papa Kambale akaitoa mbabula nje, ameishika kwa koti lake jipya, ambalo leo ni koti la mikono mitatu, ukihesabu tundu lililochomwa na makaa.

Mvua ikamgusa mtoto usoni. Akakunja uso. Akalia.

Nimesoma vitabu vingi. Sijakutana na sentensi nzuri kuliko kilio kile.

Tukawakimbiza kituo cha afya kwa pikipiki, wakapewa oksijeni, wakarudi wazima.

Somo, wakuu. Detekta inakaa chumba wanacholala watu, usawa wa kichwa cha aliyelala, mita moja hadi tatu kutoka penye moto. Si nyuma ya pazia, si kando ya dirisha, si ndani ya moshi wa jikoni. Isivishwe kitu. Kuijaribu kuna kitufe chake. Msiijaribu kwa mzazi wa siku tano. Na ikiwepo, bado mbabula ibaki nje. Yenyewe inalia tu, haisafishi hewa.

Kwetu sasa iko chumbani, uchi. Kile kitambaa Mama alikikaza kidogo, kikawa kofia ya mtoto.

Msumari wa saloni Papa hajaung'oa. Wageni wakiuliza kitu ya Bulaya imeenda wapi, anawajibu, "Iko kazini."

Haya, kwenu mbabula inalala wapi? Semeni ukweli. Mama anasoma.