Mlango wa Amisi na Nyota ya Zelembe

Siku ambayo hainitoki, mwanangu, ni ile niliyompeleka mama kuona geti langu jipya. Geti la chuma, zito, lenye kufuli kubwa kama kichwa cha mtoto. Avenyu nzima pale mtaani Himbi hapakuwa na lingine la kulifikia. Mimi niliyeacha shule darasa la nne, niliyesukuma chukudu, ile baiskeli ya mbao ya kubebea mizigo, imejaa kabichi kutoka Kibumba mpaka mabega yakawa magumu kama mawe, nilikuwa nimejenga nyumba ya matofali wakati walionicheka walikuwa bado wanalala chini ya maturubai ya shitingi. Nasema wazi, sina sababu ya kujificha. Nilitaka mama aseme tu, "Mutoto wangu, umeweza."

Mama akalitazama geti juu mpaka chini. Akauliza, "Na Mapitia atapita wapi?"

Wewe humjui Mapitia, kwa hiyo ngoja nikueleze. Ni nyota. Usiitafute angani, haipo. Mama aliitunga mwenyewe wakati wa uasi, tulipokuwa tukilala sakafuni mimi na mdogo wangu Amisi, risasi zikitoboa mbao za nyumba. Ili tusilie, alitusimulia nchi iitwayo Zelembe. Huko mbingu iko chini kama dari, na ina nyota moja tu, Mapitia, anayetembea kila jioni kwa urefu wa mtu. Anaingia nyumba hadi nyumba akitafuta ambao hawajarudi, ili awaangazie njia. Ndiyo maana Zelembe hawafungi mlango kabla hajapita. Bibi harusi wa huko hapewi sufuria, hupewa kizingiti. Anayeapa hushika mwimo wa mlango. Na mtu akifa, wakishamzika, ndipo watu wa nyumba yake hufunga mlango jioni moja, wote wakiwa ndani, nyota ipite bila kuingia. Kufunga kabla ya kuzika, huko Zelembe, ni kumwambia mtu wako asirudi.

Amisi alikuwa anacheka gizani. "Mama, na Mapitia akipita kwetu, hagongi kichwa?"

"Anainama," mama anamjibu. "Iko na adabu kukupita weye."

Alipokuwa kijana, Amisi alipanda lori la maharagwe kwenda Rutshuru. Walipofika mbele ya Rumangabo, wakapigwa risasi. Lori lilikutwa limeungua. Dereva tukamzika. Amisi hakuonekana, hai wala maiti. Tangu hapo mama akawa anaacha mlango wazi kila jioni, katika mji huu ambamo wenye bunduki huingia hata penye mbwa. Kisha mlima wa moto ukapasuka. Tukakimbilia Gisenyi, ng'ambo ya mpaka, na magodoro kichwani, na tuliporudi, nyumba yetu ya mbao karibu na uwanja wa ndege ilikuwa chini ya mawe meusi, bado yanatoa moshi. Ndipo nikajenga Himbi. Ndipo nikanunua geti.

"Mama," nikamwambia, "ile ilikuwa hadisi ya watoto. Amisi alikufa."

"Ulimuzika wapi?"

Nikainama kufuta vumbi kwenye kufuli.

"Unionyeshe kaburi yake, leo hii. Hii geti nitafunga mi mwenyewe, na kifunguo nitameza." Akanigeuzia mgongo. "Unajisifu kwa ukuta. Ule mutoto anajua nyumba moja tu. Akirudi atauliza nani? Atauliza majiwe?"

Akaondoka kwa miguu, akaenda kukaa juu ya yale mawe, pale alipokadiria mlango wetu ulikuwa. Mimi, tajiri mzima, nikamfuata na fundi seremala. Tukasimamisha fremu ya mlango. Bila ukuta, bila paa. Vijana wa chukudu wakapita wakipiga kelele, "Mama weeh! Nyumba imekimbia, imeacha mulango!"

"Ingia basi," mama akamwambia mmoja. "Usisimame inje kama mugeni."

Yule kijana akavua kofia, akapita katikati ya ile fremu taratibu, kama anayeingia sebuleni kwa watu. Hakucheka tena.

Uasi mwingine ulipokuja, wakimbizi wa vita walilala pale juu ya mawe, wakaichoma fremu. Nilikuja juu kwa hasira. Mama akauliza kitu kimoja tu: "Walipika?"

"Walipika maharagwe, mama."

"Basi mulango ilikaribisha watu."

Nikachomelea nyingine, ya chuma, na bado ipo. Mama hayupo. Jioni ya mazishi yake nililifunga geti la Himbi, mke wangu na wanangu wa kuzaa wote tukiwa ndani. Kesho yake nikalifungua, kwa sababu ya Amisi.

Sitakudanganya, mwanangu. Mapitia sijamwona. Uasi umerudi, mlima umerudi, ndugu yangu hajarudi. Nina malori matatu, ukipenda uliza yeyote mtaani Mabanga. Kila safari nawatuma madereva waulize sokoni mpaka Rutshuru, nao wananiletea vitunguu. Moyoni najua hayupo tena. Jioni naenda pale kwenye fremu, nasimama, vumbi linapita, pikipiki zinapita, narudi nyumbani. Pesa zangu zote haziwezi kuninunulia kaburi la kulilia.

Nasaha yangu ni hii. Jenga, ujisifu pia, jasho ni lako. Lakini usimfungie mlango mtu ambaye hujamzika. Na anayengoja usimnyamazishe ili wewe upate usingizi. Kaa naye. Kama huna tumaini la kumpa, mpe kiti.

Mungu akupe nyumba, na watu wako wote waingie humo kabla ya giza. Na siku utakayochelewa njiani, ukute mlango uko wazi, na aliyeuacha wazi bado yuko macho.