Mwanzi Uliokatwa kwa Panga

Kou Dengshun amefuata panda katika milima yetu ya Sichuan kwa miaka thelathini na mmoja. Ukimwuliza amewaona mara ngapi kwa macho yake, atakujibu bila haya: "Tisa." Kazi yake hasa ni kinyesi. Hukivunja kwa vidole, hupima vipande vya mwanzi vilivyomo, kisha hukuambia ni panda yupi aliyepita, maana kila mmoja hung'ata kwa urefu wake. Mkewe, Pu Xiulan, hamruhusu kugusa bakuli kabla ya kunawa mara mbili.

Mwaka jana walikuja wapiga filamu, wakiongozwa na mwanamke kijana, Lian Yue. Kwa wiki saba Kou aliwapandisha kwenye theluji. Walipata nyayo, mikwaruzo kwenye miti, na ukungu. Panda hakuna. Lian Yue akashuka mjini siku tatu, akarudi amechangamka, akafungua kompyuta jikoni kwa Kou. Kwenye skrini, panda jike amekaa, mtoto mapajani, anatafuna.

"Mjomba Kou, filamu ndiyo hii! Wewe simama tu mbele ya kamera useme huyu ni wa bonde letu, umemfuata miaka yote. Watu watakuamini."

Xiulan aliacha kukata kabichi. Alitamani sana nchi nzima imwone mumewe. "Sema, mzee! Leo angalau una cha kuonyesha zaidi ya mavi."

Kou alisogeza uso karibu na skrini. "Rudisha nyuma. Hapo. Umeona ncha ya ule mwanzi?"

"Ina nini?"

"Laini, pigo moja la panga. Panda hana panga, binti yangu. Huyu analetewa chakula. Umempiga picha ndani ya ua wa kufugia."

Lian Yue aliinama. "Lakini ni panda kweli, mjomba. Nani atagundua?"

"Mimi nimegundua kabla chai haijapoa."

"Bila neno lako sina filamu. Na wewe mwenyewe hutaonekana."

"Basi nisionekane."

"Kichwa kama jiwe la kusagia!" Xiulan alifoka, lakini chai alimwongezea.

Wako wanaosema uongo wa picha haumdhuru mtu. Si kweli. Anayeonyeshwa panda aliyenona uani akaambiwa ni wa mwituni, hataona sababu ya kuulinda msitu.

Lian Yue alifunga kompyuta. "Tukipanda tena, itachukua siku ngapi?"

"Sijui. Wao hawana ratiba."

Zilikuwa siku ishirini na sita. Walichopata ni mgongo, sekunde kumi na mbili, ukipotea kwenye mianzi. Kou, akihema, akaigeukia kamera bila kuombwa: "Huyo ni wa huku."

Filamu ilipoonyeshwa, Xiulan alitunyamazisha majirani wote kwa ajili ya maneno hayo manne.