Nilikula Hela ya Sevisi, Mke Wangu Akakosa Kihamba

Naanza na kosa lenyewe, maana nikianza na sababu mtanionea huruma, na huruma yenu siistahili. Mie ni mwizi. Sijaruka ukuta wa mtu wala sijakwapua simu ya mtu. Nimemwibia mwanamke ninayelala naye kitanda kimoja, na nilikuwa namwibia huku yeye akiniombea kwa Mungu.

Siandiki jina langu kwa sababu nina watoto. Halafu, kusema kweli, siku hizi jina lenyewe linanitia kinyaa.

Tunakaa Kimara, ndani ndani huko, ambako mvua ikinyesha gari dogo linalala kwa jirani. Ndiyo maana tulinunua gari la familia la juu kidogo, lile ambalo si la shamba na si la mjini. Nikisema tulinunua nadanganya tena. Mke wangu, Mama Glory, ni mwalimu wa shule ya msingi, na mkopo ulikuwa wake. Mie nilichangia mdomo.

Mama Glory ni mtu wa Moshi, na kwao baba yake aliwahi kuwa na lori la kubebea kahawa lililokufa kwa kukosa matunzo. Kwa hiyo hana mzaha na gari. Muda wa sevisi ukifika alikuwa ananikabidhi hela mkononi: ya oili, ya filta, ya plagi kama zimechoka, na ya fundi. Hajawahi kuniuliza chenji hata siku moja.

Fundi wetu alikuwa Shabani, mzaliwa wa Temeke, mwenye gereji yake Sinza. Shabani anamwaga oili ukiwa umesimama unaona, kisha anakutilia filta ya zamani kwenye mfuko wa nailoni unaondoka nayo. Ndio utaratibu wa mafundi wetu: unarudishiwa cha zamani ili uamini kipya kimeingia. Mwanzoni nilikuwa nafika nyumbani na ile filta, namwonyesha mke wangu, anatikisa kichwa kwa kuridhika, tunaitupa.

Sasa basi, jirani na gereji ya Shabani kuna sehemu ya kuosha magari. Mnazijua zile za kwetu, gari linaoga maji na mwenye gari anaoga bia. Siku moja nimetoka kazini Mikocheni nikakuta Shabani ana foleni. Nikasema nikae pale pembeni nisubiri. Kitimoto, nguruwe wa kukaanga, kikanukia. Jamaa wawili watatu ninaowafahamu wakanivutia kiti. Foleni ya Shabani ilipoisha, hela ya sevisi ilikuwa imeshapungua, na mie nilikuwa nimeshajiambia kwamba oili si maziwa, haiwezi kuchacha. Mwezi ujao nitamwaga.

Wale vijana wa kuosha wakaniuliza, "Bosi, tupige na injini?" Nikasema pigeni. Wakaiosha ikang'aa kama sufuria ya bibi harusi.

Nilipofika nyumbani Mama Glory akatoka nje, akafungua boneti, akainusa ile sabuni. "Eeh, leo limefanyiwa sevisi kweli! Hata mlio umebadilika!"

Mlio haukuwa umebadilika hata kidogo. Alisikia kile alichokiamini. Na mie badala ya kuona aibu nikaona nimepata njia.

Ikawa ndio mchezo. Kila akinipa hela, gari linaoga na mie nakaa. Tatizo lilikuwa ile filta ya zamani. Mnajua nilifanyaje? Nilikwenda kwenye pipa la gereji nyingine kule kule Sinza nikaokota filta ya gari la mtu nisiyemjua, inavuja uchafu wake, nikaifunga kwenye nailoni nikampelekea mke wangu. Wala haikuwa ya gari la aina yetu! Akaniambia, "Toa huko, utanichafulia zulia." Nikaitoa nikicheka. Mtu mzima nimebeba takataka za mwenzangu kutoka Sinza mpaka Kimara ili nimpumbaze mama wa watoto wangu. Ptuu!

Pale kwenye kuosha magari wakanibatiza Bosi Sevisi. Nikiingia tu wahudumu wanashangilia, "Bosi Sevisi huyo kaja, leteni spea!" Yaani bia. Nilikuwa najisikia mtu mashuhuri.

Na kuna hili la Pasaka. Mama Glory alipika pilau, akajaza hotpoti, akaifunga na kitambaa safi. "Mpelekee Fundi Shabani, mwambie nashukuru anavyotutunzia gari." Hotpoti haikufika kwa Shabani. Tuliila mie na jamaa zangu pale pale kwa kuosha magari, tunalamba vidole. Nikairudisha imeoshwa, nikamwambia mke wangu, "Anasema Mungu akubariki sana." Nimemlia mtu chakula, halafu nikamtungia na dua!

Gari nalo likaanza kusema. Taa ya oili ikawaka, nikanunua oili ya kupima pembeni mwa barabara, ile ya kwenye chupa za maji, nikaongezea juu ya ile nyeusi. Taa ikazima. Asubuhi injini ikiwashwa ikawa inagonga, kama mtu anatwanga nyumba ya pili. Nikawa naongeza sauti ya redio.

Desemba ikafika, na ninyi mnajua watu wa Moshi na Desemba, lazima warudi kwao. Ila ya mwaka huo haikuwa safari ya kula mbuzi tu. Baba mkwe alipiga simu akasema anataka kugawa kihamba, lile shamba la ukoo lenye migomba na kahawa, na kwamba safari hii hata binti yake atapata kipande. Wenye kupajua uchagani wataelewa. Watoto wa kiume ndio hurithi kihamba, binti anaambiwa kwake ni kwa mume. Mzee alikuwa anapindisha mambo kwa ajili ya Mama Glory, kwa sababu ndiye aliyemuuguza mama yao mpaka dakika ya mwisho.

"Siku ya pili ya Krismasi, asubuhi, wazee watakuwepo," alimwambia. "Uje na miguu yako, mwanangu. Usimame juu ya hicho kipande wakikuona. Usipokuwepo, kaka zako watasema hukitaki, na mie sitakuwa na la kujibu."

Mama Glory alilia jikoni kwa furaha, ana unga mikononi. Halafu akaniuliza, "Baba Glory, gari litatufikisha? Au tukate tiketi za basi mapema?"

"Basi la nini? Lete hela nikalifanyie sevisi ya safari."

Akanipa, na safari hii aliongeza ya oili ya gia na breki. Ilikuwa wiki ya kufunga ofisi. Mnajua zilikoishia. Niliporudi nikamwambia, "Shabani kasema hata Burundi tunafika."

Tuliondoka siku ya Krismasi baada ya ibada, watoto nyuma wanaimba. Tumepita Korogwe, ile sauti ya kutwanga ikawa kubwa kuliko redio. Taa ikawaka. Nikaongeza mwendo, eti nifike kwenye kituo cha mafuta. Gari likapiga kishindo, likatoa harufu ya kuungua, likazima katikati ya mashamba ya mkonge. Hata watoto waliacha kuimba.

Fundi aliyekuja kutuvuta mpaka mjini alifungua kifuniko cha oili, akachungulia, akarudisha kichwa nyuma. Ndani hamkuwa na oili. Mlikuwa na tope jeusi limeganda kama uji wa ulezi uliounguzwa. Akalichota kwa kidole akatuonyesha. Harufu yake mpaka leo ninayo puani.

"Injini imenoki, imekufa," alisema. "Mama, hii oili mlimwaga lini mara ya mwisho?"

Mke wangu akanigeukia. Hapo ndipo Mungu alinipa nafasi. Ningesema ukweli pale, ningekuwa mwizi tu. Mie nikasema, "Shabani katuua! Kumbe alikuwa hamwagi!"

Mama Glory akampigia pale pale, akaweka sauti ya nje ili nami nisikie.

"Shabani, tumekukosea nini? Umetuachia watoto barabarani!"

"Shikamoo mama. Mbona sielewi? Gari lako sijaligusa tangu kabla ya Ramadhani iliyopita."

"Usinidanganye! Na chakula changu ulikula!"

"Chakula gani, mama?"

Mke wangu akanitazama. "Anasema hajaligusa."

"Muongo huyo," nikasema. "Wezi wote ndivyo walivyo."

Akaniamini mie. Akakata simu, akasema, "Mtu anakula pilau yako halafu anaikana!" Nilikuwa nimesimama karibu naye na sikutapika, jamani. Nashangaa mpaka leo kwamba sikutapika.

Mabasi yaliyokuwa yanapita yalikuwa yamejaa pomoni, hayasimami. Mama Glory alisimama barabarani tangu alfajiri ya siku ya pili na kitenge chake cha sherehe amekivaa kabisa, anapunga mkono, huku simu ya kwao inaita. "Wazee wamefika." "Wazee wanasubiri." "Kaka yako anasema jua limepanda." Alipopata nafasi hatimaye, ilikuwa kwenye kiti cha kondakta, na simu ilikuwa imeshaacha kuita.

Mie na watoto tulifika jioni kwa basi lingine. Nilimkuta amesimama kwenye ukingo wa shamba. Masale yalikuwa yameshapandwa. Isale ni mmea wa majani marefu ambao Wachaga wanauweka mpakani, na ukishapandwa mbele ya wazee hakuna wa kuung'oa. Mpaka wa kaka yake ulikuwa umepita juu ya kile kipande alichoahidiwa.

"Niliwaomba wasubiri mpaka nikachoka," baba mkwe alisema, macho yake chini. "Wazee hawaitwi mara mbili kwa mpaka mmoja." Kisha akanipa pole mie kwa kuharibikiwa na gari! Akanimiminia mbege, pombe ya ndizi, kwa mkono wake. Nikainywa.

Tuliporudi Dar, mke wangu alilikopea gari injini nyingine iliyotumika. Na kule shuleni akawaambia walimu wenzake wenye magari wasimwendee Shabani, ni tapeli. Wakaacha kwenda. Mie nikawa naitikia, "Kabisa, huyo mtu hafai."

Mvua zikaanza. Siku moja Mama Glory alikuwa Sinza kwa mgonjwa, gari limejaa tope, akaona mahali pa kuosha magari akaingia. Mhudumu mmoja akaja mbio anacheka.

"Karibu sista! Si gari la Bosi Sevisi hili? Leo kakutuma wewe?"

"Sevisi gani?"

"Si ndo ishu zake! Anakujaga hapa, nyumbani kaaga gari liko sevisi. Ila wewe sista unapika! Ile pilau ya Pasaka mpaka leo tunaisema."

Mie nilirudi nyumbani nikakuta hotpoti tupu mezani, mbele ya kiti changu, imefungwa na kile kitambaa. Mama Glory alikuwa amekaa upande wa pili. Hakupiga kelele.

"Ilikuwa tamu?" akaniuliza.

Nikavuta kiti changu nikakaa.

Kesho yake alipika nyingine, akaenda Sinza mwenyewe kumwomba Shabani radhi, na safari hii pilau ilifika. Kila mwalimu aliyeambiwa naye neno baya juu ya Shabani, alimwendea akalifuta. Kosa langu, yeye ndiye aliyekuwa anazunguka nalo mitaani akiliosha. Mie nilikwenda baada yake. Shabani alikuwa chini ya gari la mtu. Alinisikiliza mpaka mwisho bila kutoka, kisha akasema, "Nimesikia, braza. Msalimie mama." Niliona miguu yake tu.

Nikakumbuka jambo moja nililowahi kulisikia ukweni. Uchagani ukimkosea mtu vibaya, unamletea isale, na akiletewa isale hana ruhusa ya kukataa kusamehe. Nikalitafuta Kimara nzima. Nikalipata kwenye ua wa jirani mmoja wa kule kule Moshi, nikaomba tawi, nikampelekea mke wangu kwa mikono miwili, nimepiga magoti sebuleni, watoto wanaona. Hata hapo nilikuwa mjanja, mnaona? Nilikuwa natafuta msamaha ambao hauwezi kukataliwa.

Alilipokea. Akaliweka mapajani.

"Nimekusamehe," akasema. "Mila yetu hainiruhusu kusema vingine."

Kisha akatoka nje, akatafuta kopo tupu la rangi, akalijaza udongo, akalipanda lile tawi, akaliweka mlangoni. Nikamuuliza kwa nini hakulitupa tu.

"Nilitupe kwa nini?" akasema. "Si ndicho kihamba nilichopata."

Limeshika. Lina majani mapya sasa, na kila asubuhi nikienda kazini nalipita, kwa miguu, kwa sababu ufunguo wa gari anakaa nao yeye.

Nyie wenzangu mnaopewa hela ya sevisi mkaishia kuosha boneti, sina maneno mengi. Nendeni sasa hivi mkachomoe kile kijiti cha kupimia oili, mkitazame rangi. Wake zenu hawakitazami, kwa sababu wanawaamini.